Kwa nini kiyoyozi hakifai kuchomekwa kwenye soketi ya kawaida

Kaskazi inapovuma kati ya Desemba na Machi, joto la Pwani Kusini husalia ndani ya nyumba hata baada ya jua kutua. Kutoka Ukunda na Diani hadi Gazi, Msambweni na Shimoni, hewa hujaa unyevu wa bahari, na pangaboi lililo juu ya kitanda huishia kuzungusha joto lile lile. Ni wakati huo ambapo wengi huamua kununua kiyoyozi, na mafundi huanza kupanda ngazi kutoboa kuta za nyumba ambazo waliozijenga hawakuiwazia kabisa mashine hiyo.

Kwa miaka mingi kiyoyozi kilikuwa chombo cha hoteli za ufuoni. Siku hizi kimeingia katika nyumba za kupangisha wageni wa siku chache, katika fleti za Ukunda na katika makazi ya watu binafsi. Nyaya zilizofichwa ndani ya kuta za nyingi ya nyumba hizo zilitandazwa kwa hesabu ya taa, televisheni, pasi na jokofu. Kiyoyozi hufika mwisho, na mara nyingi huchomekwa kwenye soketi yoyote iliyo karibu.

La ajabu ni kwamba kiyoyozi cha chumba cha kulala si mlaji mkubwa wa umeme kama inavyodhaniwa. Kile cha ukubwa wa BTU 12,000, ambacho hutosha chumba cha wastani, huhitaji takriban wati 1,100. Kwa umeme wa volti 240 unaotumiwa majumbani nchini Kenya, huo ni mkondo usiofika ampea 5. Birika la umeme la wati 2,000 huvuta zaidi ya ampea 8. Ndipo mwenye nyumba anapouliza: ikiwa soketi imelihimili birika miaka yote hii, itashindwaje na kiyoyozi?

Jibu limo katika muda. Birika huchemka kwa dakika chache, likazimwa na soketi ikapoa. Kiyoyozi huwashwa saa tatu usiku kikazimwa alfajiri. Kwa saa tisa au kumi mkondo hupita katika waya, katika meno ya plagi na katika kila skrubu iliyoshika nyaya njiani. Kasoro ambayo birika haliwezi kuifichua kwa dakika nne, kiyoyozi huipikia usiku kucha.

Kiungo kilicholegea

Waya mzima wa shaba hauna matatizo mengi. Penye hatari ni pale waya mmoja unapokutana na mwingine, au unapoingia ndani ya soketi, swichi ama bodi ya umeme. Skrubu ikilegea au shaba ikishika kutu, umeme hulazimika kupenya katika sehemu nyembamba, na ukinzani huongezeka. Joto linalotokea hapo hupatikana kwa kuzidisha mkondo kwa mkondo, kisha kwa ukinzani. Kiungo chenye ukinzani wa nusu ohmu tu, mkondo ukiwa ampea 5, hutoa joto la wati 12 na nusu. Kiyoyozi kikubwa cha sebuleni cha BTU 24,000, ambacho huvuta karibu ampea 10, hutoa wati 50 katika kiungo hicho hicho. Mkondo umeongezeka mara mbili, joto limeongezeka mara nne.

Aliyewahi kugusa balbu ya zamani ya wati 60 baada ya kuwaka kwa muda anajua joto hilo lilivyo. Sasa joto karibu sawa na hilo limefungiwa ndani ya kisanduku cha plastiki ukutani, nyuma ya pazia. Plastiki hugeuka rangi ya kahawia, meno ya soketi hupoteza mkazo wake, kiungo huzidi kulegea na joto huzidi. Breka iliyo kwenye bodi haiwezi kuligundua jambo hili, kwa kuwa mkondo haujazidi kipimo. Kwa macho yake kila kitu ni shwari.

Nyumba yenye kiyoyozi pia ni nyumba iliyofungwa. Madirisha ambayo zamani yaliachwa wazi usiku kucha ili upepo upite, sasa yamefungwa ili baridi isitoroke, na nje yake kuna vyuma vya kuzuia wezi. Moshi wa plastiki inayoungua hujaa chumbani kabla ya aliyelala kuamka. Palipoezekwa makuti, cheche moja inayofika darini haingoji ndoo ya maji. Kwa sababu hiyo, anayeweka kiyoyozi katika chumba chenye madirisha ya vyuma hana budi kufikiria pia dirisha moja linaloweza kufunguliwa kwa ndani, na king'ora cha moshi, ambacho bei yake ni ndogo mno ikilinganishwa na ya mashine yenyewe.

Laini yake peke yake

Njia iliyo salama ni kukipa kiyoyozi kisichohamishika laini yake peke yake, inayotoka moja kwa moja kwenye bodi ya umeme hadi kwenye mashine, bila kugawana na soketi wala taa yoyote. Laini hiyo huwa na breka yake katika bodi, na swichi ya kukatia umeme, ambayo mafundi huiita isoleta, karibu na mashine ya nje. Viyoyozi vidogo vya kusukumwa kwa magurudumu huja na plagi kutoka kiwandani na huweza kutumia soketi iliyo imara, mradi isiwe ya kuunganishia kamba ya kurefusha. Vile vya kufungwa ukutani havistahili kuungwa kwa namna hiyo.

Hapa kuna dhana moja potovu iliyoenea sana. Wengi huamini kwamba breka imewekwa kuilinda mashine. Kazi ya breka ni kuulinda waya. Hukata umeme kabla mkondo haujafikia kiwango cha kuuchoma waya ulio nyuma yake. Hivyo basi, ukubwa wa breka huamuliwa na unene wa waya, na unene wa waya huamuliwa na mzigo pamoja na mahali waya unapopita.

Kutoelewa jambo hilo ndiko huzaa kosa lililo baya kuliko yote. Kiyoyozi kimeungwa kwenye laini ya zamani. Breka inakata kila baada ya saa moja. Mwenye nyumba analalamika kuwa wageni hawalali. Fundi anaondoa breka ya ampea 16 na kuweka ya ampea 32. Usiku huo hakuna kinachokata, na fundi hushukuriwa. Lakini waya ni ule ule. Umeondolewa mlinzi pekee aliyekuwa akipiga kelele.

Kwa mashine ya BTU 12,000, kebo ya shaba yenye unene wa milimita mraba 2.5 hutosha katika nyumba nyingi. Kwa ile ya BTU 24,000, au pale ambapo bodi iko mbali, kebo ya milimita mraba 4 ndiyo ya busara. Waya wa milimita mraba 1.5 ni wa taa na haufai kazi hii. Mbali na kupata moto, waya mwembamba hupunguza nguvu ya umeme njiani. Katika umbali wa mita 30, mkondo wa ampea 10 hupoteza karibu volti 9 ndani ya waya wa 1.5, volti 5 na kitu katika wa 2.5, na zaidi kidogo ya volti 3 katika wa 4.

Hesabu za vitabu, hata hivyo, huchukulia kuwa hewa inayouzunguka waya ina nyuzijoto 30. Dari iliyo chini ya mabati mchana wa Februari ni jambo jingine. Kebo ya 2.5 iliyo ndani ya bomba ukutani hubeba takriban ampea 24 katika nyuzijoto 30. Hewa ikifika nyuzijoto 50, uwezo huo hushuka hadi ampea 17. Maana yake ni kwamba breka ya ampea 20, ambayo ingefaa ukutani, haiulindi tena waya huo huo ukipita darini. Ama breka ishushwe hadi 16, ama kebo iongezwe hadi 4. Fundi anayeuliza waya utapita wapi kabla ya kutaja bei anastahili kusikilizwa.

Suala la breka kukata kiyoyozi kinapoanza kuunguruma nalo lina dawa yake. Kompresa ya aina ya zamani, ile inayowaka na kuzima, huvuta mara kadhaa ya mkondo wake wa kawaida kwa muda mfupi sana inapoanza. Kuna breka za aina C zilizotengenezwa kuvumilia mshtuko huo bila kubadilisha kipimo cha ampea. Mashine za inveta huanza polepole na hazina usumbufu huo.

Kebo yenyewe haina budi kuchunguzwa kabla ya kulipiwa. Sokoni kuna nyaya za alumini zilizopakwa ngozi nyembamba ya shaba, na nyingine zilizoandikwa 2.5 ilhali ni nyembamba kuliko hivyo. Sumaku haisaidii, maana haivuti shaba wala alumini. Kukwaruza kwa kisu kunatosha: shaba halisi ni nyekundu hadi ndani, ile ya bandia hung'aa nyeupe. Alama ya ubora ya shirika la KEBS na jina la mtengenezaji vinapaswa kuonekana kwenye kebo au kifungashio chake.

Rangi za nyaya pia huwakoroga wengi. Katika nyumba za zamani, waya mwekundu ndio wenye umeme na mweusi ndio wa kurudishia. Katika mfumo mpya, wenye umeme ni wa kahawia na wa kurudishia ni wa buluu. Tatizo ni kwamba katika nyumba za umeme wa njia tatu, buluu ya zamani ilikuwa na umeme, na nyeusi ya sasa pia ina umeme. Laini mpya inapounganishwa kwenye bodi kuukuu, kipimo pekee cha kuaminika ni kifaa cha kupimia. Waya wa ardhi ni wa kijani, au kijani chenye mstari wa manjano, na haupaswi kutumiwa kwa kazi nyingine yoyote.

Mchanga mkavu wa Diani

Waya huo wa ardhi ndio unaopuuzwa zaidi, na Pwani Kusini ndiko unakohitaji uangalifu mkubwa. Mashine ya nje ni sanduku la chuma lililo kwenye mvua na chumvi, mahali ambapo mtoto anacheza pekupeku na mfanyakazi anamwagilia bustani. Waya ukichubuka ndani na kugusa chuma, sanduku lote huwa na umeme. Waya wa ardhi huupeleka umeme huo kwenye fimbo iliyopigiliwa udongoni, kwa matumaini kwamba breka itakata.

Matumaini hayo hutegemea udongo. Mchanga mweupe wa Diani na mawe ya matumbawe yaliyo chini yake hayashiki maji, na kaskazi hukauka kabisa. Udongo mkavu haupitishi umeme vizuri. Tuseme fimbo ya ardhi ina ukinzani wa ohmu 100, jambo lisilo la ajabu katika mchanga. Volti 240 zikigawanywa kwa 100 ni ampea 2.4. Breka ya ampea 16 haishtuki kwa mkondo huo, ambao haufikii hata mzigo wa pasi ya nguo. Itakaa imewashwa wiki nzima, na sanduku la chuma litaendelea kuwa na umeme wa kuua, likimngoja atakayeligusa.

Kinachookoa maisha hapo ni kifaa cha RCD cha miliampea 30. Kifaa hiki hulinganisha umeme unaokwenda na unaorudi. Kikiona tofauti ya miliampea 30, yaani sehemu thelathini kati ya elfu moja za ampea, hukata katika sehemu ndogo ya sekunde. Kwa RCD, zile ampea 2.4 ni bahari. Viyoyozi vya inveta hufaa kulindwa na RCD ya aina A, kwa sababu umeme unaovuja kutoka vifaa vyake vya kielektroniki huenda usitambuliwe na ile ya aina ya zamani. Kitufe cha majaribio kilicho juu ya kifaa hiki kibonyezwe angalau mara moja katika miezi mitatu, kwani unyevu wa bahari huweza kukifanya kikwame. Kisipokata kikibonyezwa, kibadilishwe siku hiyo.

RCD haiondoi haja ya fimbo nzuri. Fimbo ndefu inayofika kwenye udongo wenye unyevu hushinda fimbo fupi iliyoishia kwenye mchanga mkavu, na mbili zilizotenganishwa kwa umbali usiopungua urefu wa fimbo moja hushinda moja. Kifungio cha juu kiachwe mahali kinapoweza kukaguliwa. Kukizika ndani ya saruji ni kukipa chumvi ruhusa ya kufanya kazi gizani.

Chumvi, mijusi na mbega

Chumvi hiyo haibagui. Katika nyumba zilizo mita chache kutoka ufuoni, skrubu za chuma cha kawaida hushika kutu kabla ya masika ya pili. Isoleta ya nje iwe ya aina isiyoingiza maji, yenye alama ya IP65, na tundu la kebo liwe upande wa chini. Kebo nayo ining'inizwe kidogo kabla ya kuingia ukutani ili matone ya mvua yadondoke badala ya kuufuata waya hadi ndani, na tundu la ukuta liinamie nje. Kebo nyeupe bapa ya ndani ya nyumba hupasuka ikipigwa na jua. Ya nje ipitishwe ndani ya bomba. Ndani, soketi au swichi isiwekwe chini ya kiyoyozi, kwa kuwa bomba la kutolea maji huziba mara kwa mara na maji hushuka hapo hapo.

Kila tundu lisilotumika katika kisanduku lizibwe. Mijusi na sisimizi hupenda joto la vifaa vya umeme, na mjusi mmoja akilala kati ya nyaya mbili hutosha kusababisha shoti.

Diani ina mgeni mwingine. Mbega weusi na weupe, ambao wenyeji huwaita kuluzu, hupita juu ya nyaya za umeme kutoka mti hadi mti, na wengi wao wamekufa kwa kupigwa na umeme. Shirika la kuwahifadhi lililoanzishwa Diani mwaka 1997 limekuwa likipunguza matawi na kuvisha nyaya ngozi ya kinga kwa ushirikiano na Kenya Power. Matawi hayo hayo, yanapogusa nyaya upepo ukivuma, huyumbisha umeme unaoingia majumbani.

Kuyumba huko huumiza kompresa. Umeme ukiwa dhaifu, kompresa ya aina ya zamani hushindwa kuzunguka, huvuta mkondo mkubwa na kupata moto. Umeme unaporejea baada ya kukatika, kama ulivyokatika karibu nchi nzima usiku wa Agosti 25, 2023, huweza kuja kwa kishindo. Kifaa cha kulinda volti, kilicho na uwezo wa kubeba mkondo wa kiyoyozi na kinachosubiri dakika chache kabla ya kuruhusu umeme upite, hupunguza hasara hizo. Kile kilichotengenezewa jokofu hakitoshi mashine kubwa.

Nani afanye kazi hiyo

Kwa mujibu wa Sheria ya Kawi ya mwaka 2019, kazi ya kutandaza nyaya za umeme ni ya mtu aliyeidhinishwa na Mamlaka ya Kudhibiti Kawi na Petroli (EPRA). Fundi anayejua kujaza gesi ya kiyoyozi si lazima awe fundi wa umeme aliyeidhinishwa, na Pwani kazi hizi mbili mara nyingi hufanywa na mtu mmoja ambaye ana ujuzi wa moja tu. Mwenye nyumba ana haki ya kuomba kuona leseni kabla ya ukuta kutobolewa.

Kanuni zenyewe zilizaliwa kutokana na hofu ya moto. Zile za Uingereza, ambazo zimeathiri pakubwa kazi ya mafundi wa Kenya na sasa hujulikana kwa jina BS 7671, zilitolewa mara ya kwanza mwaka 1882 zikiwa mwongozo mfupi wa kuzuia moto utokanao na taa za umeme, zama ambazo kiyoyozi hakikuwa kimebuniwa.

Kabla ya laini mpya kuwashwa, fundi hupima mambo manne: kwamba waya wa ardhi umeungana kuanzia mashine hadi fimbo, kwamba nyaya hazivujishi, kipimo ambacho hufanywa kwa volti 500 kiyoyozi kikiwa kimetenganishwa ili vifaa vyake visiungue, ukinzani wa fimbo ya ardhi, na kama RCD inakata kwa wakati. Vipimo hivyo huandikwa na kutiwa sahihi. Karatasi hiyo hukabidhiwa mwenye nyumba, na ikiwa nyumba ni ya kupangisha, nakala yake ibaki kwa mtunza nyumba pamoja na maelezo ya ni breka ipi ya kiyoyozi kipi.

Baada ya masika, kati ya Juni na Julai, viyoyozi vingi vikiwa vimepumzika kwa upepo wa kusi, ndio wakati wa kumwita fundi tena. Hukata umeme kwenye bodi, hufungua isoleta ya nje, hupangusa chumvi, hutoa mijusi iliyokauka na kukaza kila skrubu. Kazi hiyo haichukui saa moja kwa mashine moja. Soketi au breka iliyobadilika rangi, harufu ya samaki au plastiki karibu na bodi, plagi isiyoshikika kwa moto na taa zinazofifia kiyoyozi kinapoanza ni mambo yasiyostahili kungoja hadi Juni.